Mwongozo kamili wa kujadili CBA ya wafanyakazi wa kaunti: kuanzia kuhesabu wanachama hadi nyongeza kuonekana kwenye pesilipi

Malalamiko kutoka matawini yanafanana hadi yanachosha. Chama cha wafanyakazi kilikaa na kaunti, kikakubaliana juu ya mkataba wa pamoja (CBA), karatasi ikatiwa saini mbele ya kamera, wanachama wakapiga vigelegele. Mwezi wa kwanza pesilipi haikubadilika, wa pili vivyo hivyo, na mwishowe wakili wa kaunti akasimama kortini na kusema karatasi ile si mkataba.

Mara nyingi wakili huyo husema kweli, na hapo ndipo uchungu ulipo.

Kwenye kampuni binafsi unajadiliana na mwenye mfuko. Kwenye utumishi wa umma, unayemkabili mezani ana kalamu tu. Mfuko uko kwa bunge la kaunti, kiwango cha nyongeza kiko kwa Tume ya Mishahara na Marupurupu (SRC), na uhai wa mkataba uko kwa Mahakama ya Uajiri na Mahusiano ya Leba. Kwa hiyo sehemu kubwa ya mwongozo huu inahusu kazi inayofanyika kabla ya kuketi na baada ya kuinuka.

Mwongozo ni wa Kenya, na umeandikiwa makatibu wa matawi na wawakilishi wa wafanyakazi katika kaunti. Walio kwenye mashirika ya serikali wataona hatua nyingi zinawahusu pia. Polisi, wanajeshi na askari jela hawamo, kwa sababu Sheria ya Mahusiano ya Leba ya 2007 haiwahusu. Ndugu zetu wa Tanzania wana sheria yao ya majadiliano katika utumishi wa umma, ya mwaka 2003, na njia yao ni nyingine.

## Vitu vya kukusanya kwanza

Usiandike hata barua moja kabla hujaweka hivi kwenye faili:

- Cheti cha usajili wa chama na katiba ya chama.
- Fomu S zote (za kumruhusu mwajiri kukata ada ya chama) zilizotiwa saini na wanachama, pamoja na orodha ya makato ya mwezi wa karibuni.
- Idadi ya wafanyakazi wote wa kaunti wanaostahili kujiunga na chama, kwa daraja na kwa idara.
- Mkataba wa kutambuliwa, yaani ule ambao mwajiri anakitambua chama kwa maandishi, kama upo.
- CBA ya awali, na tarehe ambayo muda wake unakwisha.
- Pesilipi mbili au tatu za kila daraja, majina yakiwa yamefutwa.
- Bajeti ya kaunti iliyoidhinishwa na ripoti za karibuni za Msimamizi wa Bajeti.
- Nyaraka za SRC kuhusu mzunguko wa sasa wa mishahara.
- Mtu mmoja anayejua Excel vizuri. Huyu ana thamani kuliko wasemaji watano.

## Hatua ya 1: Hesabu vichwa kabla ya kudai kiti

Kifungu cha 54 cha Sheria ya Mahusiano ya Leba kinamlazimu mwajiri kukitambua chama kilicho na zaidi ya nusu ya wafanyakazi wanaostahili kujiunga nacho. Wakiwa 640, unahitaji 321. Ukiwa na 320 huna kitu.

Makosa hutokea kwenye kuhesabu wenyewe. Tawi linajumlisha kila aliyewahi kujaza fomu, wakiwemo waliostaafu, waliohamishwa na waliojitoa kwa barua. Mwajiri analeta orodha ya makato, na idadi inaporomoka mbele ya mpatanishi. Linganisha Fomu S na orodha ya makato jina kwa jina, na uhesabu wale tu wanaoonekana kote kuwili. Mwajiri akishapokea Fomu S ana siku 30 za kuanza kukata ada. Akizembea, mwandikie na uweke nakala.

Tena soma katiba ya chama chako. Kama hairuhusu kusajili kada fulani, tuseme wahasibu au maafisa wa kilimo, fomu zao hazitakusaidia hata zikijaa gunia. Huu ndio mlango ambao chama pinzani hupitia.

Usidhani idadi ikishapatikana imekaa. KNUT, chama kikongwe cha walimu, kiliona wanachama wake wakiporomoka kuanzia 2019 wakati wa mvutano wake na Tume ya Kuajiri Walimu (TSC). Hesabu upya kila robo mwaka.

Utajua umefaulu: una jedwali moja lenye jina, daraja, kituo na tarehe ya Fomu S, na jumla inavuka nusu kwa ziada ya kutosha kuhimili watu kadhaa kupingwa.

## Hatua ya 2: Pata mkataba wa kutambuliwa, kwa maandishi

Kualikwa chai na katibu wa kaunti si kutambuliwa. Sheria inataka mkataba wa maandishi. Pasipo huo, mwajiri hana wajibu wa kujadili chochote.

Kipengele cha kuangalia sana ni kile kinachotaja nani yumo na nani hayumo. Waajiri hupenda kuandika kwamba "wasimamizi wote" wako nje, kisha muuguzi kiongozi wa wodi, msimamizi wa soko na nyapara wa barabara wote wanageuzwa kuwa menejimenti. Dai madaraja yatajwe kwa herufi zake badala ya maneno ya jumla.

Mwajiri akikataa ilhali idadi unayo, ripoti mgogoro wa kutambuliwa upelekwe kwa upatanisho. Ni haki iliyo kwenye sheria, kwa hiyo hakuna haja ya kubembeleza.

## Hatua ya 3: Panga kalenda yako kwa bajeti

Hapa ndipo matawi mengi huanguka bila kujua yameanguka. Wanaanza mazungumzo Machi, wanakubaliana Juni, wanatarajia pesa Julai. Kufikia Machi nafasi ilikuwa imeshapita.

Mwaka wa fedha wa serikali unaanza tarehe 1 Julai. Chini ya Sheria ya Usimamizi wa Fedha za Umma ya 2012, waraka wa kuanzisha maandalizi ya bajeti ya kaunti hutolewa kufikia tarehe 30 Agosti mwaka unaotangulia. Taarifa ya mkakati wa fedha wa kaunti hupelekwa bungeni kufikia 28 Februari, na makadirio kufikia 30 Aprili. Baada ya hapo kinachobaki ni kusukumana kwa vipande vidogo.

Kwa hiyo hesabu ukirudi nyuma. Ukitaka pesa Julai, gharama ya mkataba iwe kwenye taarifa ya Februari. Ili iwe humo, ushauri wa SRC uwe umepatikana kabla ya hapo. Ili SRC ipate muda, mapendekezo yako yamfikie mwajiri kabla ya waraka wa Agosti. Tena mikataba ya sekta ya umma huenda kwa mizunguko ya miaka minne: 2017 hadi 2021, 2021 hadi 2025, na sasa 2025 hadi 2029. Mapendekezo yanayokuja katikati ya mzunguko, yakiwa na madai ya pesa, hurudishwa.

Kuna kiti ambacho vyama vingi vimekiacha kitupu. Kifungu cha 137 cha sheria hiyo ya fedha kinaunda jukwaa la bajeti na uchumi katika kila kaunti, na miongoni mwa wanaokaa humo ni mwakilishi wa masuala ya leba. Sharti ni kwamba asiwe mtumishi wa kaunti, kwa hiyo mteueni afisa wa kudumu wa chama au mstaafu anayejua hesabu. Ni humo gavana na mawaziri wake husikia habari za mishahara kabla hazijawa ugomvi.

Onyo: kanuni za fedha za 2015 zinaweka mipaka ya mishahara na marupurupu kuwa asilimia 35 ya mapato ya kaunti. Kaunti nyingi zimeshaupita mpaka huo, na utaambiwa hivyo dakika ya kwanza. Usikane takwimu. Uliza pesa hizo za mishahara zinalipa akina nani: vibarua wa kisiasa, washauri, walioajiriwa bila tangazo? Ripoti za Msimamizi wa Bajeti zitakusaidia.

## Hatua ya 4: Kusanya madai kutoka vituoni

Pita vituo vyote, si makao makuu pekee. Mfanyakazi wa zahanati ya mbali hatakutajia asilimia. Atakutajia mabuti, ambulensi isiyo na mafuta, na zamu ya usiku anayofanya peke yake. Andika yote.

Kisha gawanya madai mafungu mawili: ya pesa na yasiyo ya pesa. Hili la pili hudharauliwa, ilhali ndilo linalopita hata mwaka wa ukame. Mwaka 2021 SRC ilikuwa imefunga mlango wa nyongeza, na walimu wakatia saini na TSC mkataba usio na nyongeza ya mshahara. Watu walicheka. Lakini humo likizo ya uzazi ya akina mama ilipanda kutoka siku 90 hadi 120, na ya akina baba kutoka 14 hadi 21. Nyongeza ya pesa ilikuja baadaye, 2023, kwa mkataba wa ziada.

Fungu la yasiyo ya pesa liwe na utaratibu wa malalamiko, masharti ya uhamisho, vigezo vya kupandishwa daraja, vifaa vya kujikinga, na ruhusa ya viongozi wa tawi kuhudhuria kazi za chama bila kukatwa mshahara.

## Hatua ya 5: Piga hesabu ya kila dai kabla mwajiri hajakupigia

Mwanachama anadai asilimia 10. Inagharimu nini? Kama huwezi kujibu kwa shilingi, mhasibu wa kaunti atakujibia, na jibu lake litatisha zaidi.

Chukua mfano wa tawi lenye wafanyakazi 1,200 na wastani wa mshahara wa msingi wa shilingi 38,000 kwa mwezi.

1. Nyongeza ya asilimia 10 ni shilingi 3,800 kwa kila mtu.
2. Kwa watu 1,200 ni shilingi 4,560,000 kwa mwezi, yaani 54,720,000 kwa mwaka.
3. Mchango wa mwajiri kwenye pensheni, ukiwa asilimia 15 ya mshahara wa msingi, unaongeza 8,208,000.
4. Ushuru wa nyumba wa asilimia 1.5 upande wa mwajiri unaongeza 820,800.
5. Jumla: shilingi 63,748,800 kwa mwaka wa kwanza.

Mistari ya tatu na ya nne ndiyo inayosahaulika. Makatibu huingia wakisema milioni 54, kaunti inajibu 63, na kuanzia hapo hakuna namba yao inayoaminika, hata iliyo sahihi.

Fanya hesabu hiyo kwa kila daraja, kwa kuwa wastani huficha mengi. Kisha andaa matoleo matatu: unachotangaza, unachokitarajia, na kile ambacho chini yake unainuka na kwenda kwa mpatanishi. Toleo la tatu lijulikane na watu wachache mno. Likishafika kwenye kundi la WhatsApp la tawi, hesabu kwamba katibu wa kaunti ameshalisoma.

Nyongeza ya kila mwaka iliyo ndani ya ngazi ya mshahara usiihesabu kama ushindi. Hiyo mfanyakazi anaipata hata pasipo mkataba. Waajiri hupenda kuipakia kwenye ofa yao ionekane nene.

Utajua umefaulu: mtu wa hesabu wa upande wa pili anapitia jedwali lako na kubishana nawe juu ya kiwango, si juu ya hesabu.

## Hatua ya 6: Hakikisha SRC imeulizwa, na imejibu

Ukiruka hatua zote, usiruke hii.

Kifungu cha 41 cha Katiba kinakipa chama haki ya kujadiliana. Kifungu cha 230 kinaipa SRC kazi ya kushauri serikali kuu na kaunti kuhusu malipo ya watumishi wa umma. Kwa miaka kadhaa vyama vilisema ushauri ni ushauri tu, anayetaka aufuate. Mwaka 2015 walimu walipewa na mahakama ya leba nyongeza ya asilimia 50 hadi 60. Waligoma Septemba kuidai. Novemba mwaka huohuo Mahakama ya Rufaa ikaifuta, ikishikilia kwamba ushauri wa SRC unafunga. Wiki kadhaa za mgomo zikaenda bila hata shilingi.

Kwa hiyo fahamu mtiririko. Mwajiri ndiye anayeiandikia SRC. Barua ya chama haihesabiki kama ombi la ushauri. Mwajiri hupeleka mapendekezo yenu pamoja na uthibitisho wa uwezo wa kulipa. SRC hutoa mipaka. Mnajadiliana ndani ya mipaka hiyo. Mkishakubaliana, rasimu hurudi SRC kabla ya saini, kuthibitishwa kwamba haikuvuka.

Mwajiri mjanja hukaa na mapendekezo mwaka mzima akisema "tunasubiri SRC," wakati hajaandika chochote. Dawa ni barua fupi, mfano:

> *"Tunaomba, kwa mujibu wa kifungu cha 57(2) cha Sheria ya Mahusiano ya Leba ya 2007, nakala ya barua mliyoiandikia SRC kuhusu mapendekezo yetu, tarehe iliyopokelewa, na majibu yake. Tunaomba pia idadi ya wafanyakazi kwa kila daraja, jumla ya mishahara ya mwaka uliopita, na nafasi zilizo wazi zenye bajeti."*

Kifungu hicho kinamtaka mwajiri atoe taarifa zote zinazohitajika kwa majadiliano. Taarifa hizo ni siri. Zikivuja, umempa sababu ya kukunyima nyingine.

Andaa hoja zako kwa lugha ya SRC yenyewe. Katiba inaitaka izingatie kama malipo yanahimilika, kama yanavutia na kubakisha wenye ujuzi, tija ya kazi, na uwazi na usawa. Kusema "maisha yamepanda" hakutoshi. Onyesha ni wauguzi wangapi wameondoka kaunti yako kwenda jirani, na nafasi zao zimekaa wazi muda gani.

Utajua umefaulu: una barua ya SRC mkononi, yenye tarehe na mipaka, kabla ya kikao cha kwanza cha kujadili pesa.

## Hatua ya 7: Kuketi mezani

Timu ya watu watano hadi saba inatosha. Mmoja anasema, mmoja anaandika, mmoja ana hesabu, na kuwe na mwanamke na mtu wa kituo cha mashambani ambao si wa kupamba picha. Wengine wanakaa kimya hadi waitwe. Makomredi wenye midomo mirefu wapewe kazi ya kuhamasisha nje.

Kabla ya yote, uliza kwa maandishi ujumbe wa mwajiri una mamlaka gani. Awepo mtu wa idara ya fedha na wa Bodi ya Utumishi wa Umma ya Kaunti. Ukiona wametumwa maafisa wa chini wanaosema kila mara "tutaenda kushauriana," ahirisha kikao. Kukaa nao ni kuwapa muda.

Kubalianeni kanuni: akidi, ratiba, nani anazungumza na wanahabari, na kwamba kumbukumbu za kila kikao zitiwe saini mwanzoni mwa kikao kinachofuata. Kumbukumbu hizo ndizo ushahidi wako mkikwama.

Anza na yasiyo ya pesa. Yanapita haraka, yanajenga mazoea ya kukubaliana, na yanabaki hata pesa zikishindikana. Kila kipengele kinachokubaliwa, kisomwe, kiandikwe maneno yake kamili, na wenyeviti wa pande zote watie herufi za majina yao pembeni. "Tumekubaliana kimsingi" ni sentensi iliyoua mikataba mingi.

Kwenye pesa, usipunguze mara mbili mfululizo bila upande wa pili kusogea. Wakisema hawana uwezo, omba waonyeshe kwenye bajeti. Mkikubaliana kulipa kwa awamu, andika tarehe. Kipengele dhaifu husema "nyongeza italipwa fedha zikipatikana." Chenye nguvu husomeka hivi:

> *"Nyongeza itaanza kuhesabiwa tarehe 1 Julai ya mwaka wa kwanza wa mkataba. Nusu italipwa kuanzia mshahara wa Julai mwaka huo, na nusu iliyobaki kuanzia mshahara wa Julai unaofuata. Malimbikizo yoyote yatalipwa kabla ya tarehe 30 Juni ya mwaka wa fedha husika."*

Kabla ya saini, rudi kwa wanachama. Wasomee mkataba wote, si asilimia peke yake, na uandike matokeo ya kura.

## Hatua ya 8: Mkikwama

Mgomo si hatua inayofuata. Kinachofuata ni kuripoti mgogoro kwa Waziri wa Leba kwa fomu rasmi. Mpatanishi huteuliwa ndani ya siku 21, naye ana siku 30 za kuwapatanisha, labda mkubaliane kuongeza. Akishindwa, hutoa cheti kwamba mgogoro haukutatuliwa.

Ukiwa na cheti hicho una njia mbili: mahakama, au ilani ya mgomo ya siku saba, kwa maandishi, kwa mwajiri na kwa waziri. Mgomo unaotangulia cheti au usio na ilani hauna kinga ya sheria, na waliogoma wanaweza kuadhibiwa kinidhamu.

Onyo kubwa: kifungu cha 81 cha Sheria ya Mahusiano ya Leba kinakataza mgomo kwenye huduma muhimu, na Jedwali la Nne linazitaja, zikiwemo maji, hospitali, zimamoto na feri. Soma orodha yenyewe kabla ya kuitisha mkutano wa hadhara. Huduma hizi zikikwama kwenye upatanisho, njia yake ni mahakama. Wahudumu wa afya wamegoma mara nyingi hata hivyo, na gharama yake inajulikana: Februari 2017 viongozi saba wa chama cha madaktari, KMPDU, walifungwa kwa kudharau amri ya korti. Na hata mgomo ukiwa halali kabisa, mwajiri halazimiki kulipa siku ambazo hukufanya kazi. Waambie wanachama hilo wazi, kabla, si baada.

Mkimaliza mgomo, msirudi kwa neno la mdomo. Makubaliano ya kurejea kazini yataje kwamba hakuna atakayeadhibiwa, kesi zitaondolewa lini, na kila deni litalipwa tarehe gani.

## Hatua ya 9: Saini, kisha usajili ndani ya siku 14

KMPDU na serikali walitia saini mkataba Juni 2013. Haukusajiliwa. Desemba 2016 madaktari waligoma kuudai, wakakaa nje siku 100, huku serikali ikisema kortini kwamba karatasi ile haina nguvu. Tawi lolote linalosherehekea saini lisome kisa hicho kwanza.

Kifungu cha 59 cha sheria hiyohiyo ya leba kinasema mkataba unaanza kutekelezeka ukishasajiliwa na mahakama, ingawa tarehe ya kuanza kuhesabu pesa inaweza kuwa ya nyuma kama mlivyokubaliana. Kifungu cha 60 kinataka upelekwe kusajiliwa ndani ya siku 14. Kazi hiyo ni ya mwajiri. Asipoifanya, chama kinaruhusiwa kuupeleka chenyewe, kwa hiyo siku ya kumi na tano usiandike barua ya kukumbusha. Nenda msajili wa mahakama.

Peleka na viambatisho: mkataba wa kutambuliwa, barua ya SRC ya kuthibitisha, majedwali ya mishahara. Wachumi wa Wizara ya Leba huukagua mkataba na kutoa maoni, na rasimu yenye tarehe zinazogongana au jedwali lisilolingana na maneno hurudishwa.

Utajua umefaulu: nakala ina muhuri wa mahakama na namba ya usajili. Hapo sasa pigeni vigelegele.

## Hatua ya 10: Fuata hadi kwenye pesilipi

Mkataba uliosajiliwa unaingia kwenye ajira ya kila mfanyakazi aliyemo, mwanachama na asiye mwanachama. Ndiyo maana kifungu cha 49 kinaruhusu wasio wanachama wanaonufaika wakatwe ada ya uwakilishi, kwa agizo la waziri. Omba agizo hilo mapema. Tawi huishi kwa ada.

Peleka nakala yenye muhuri kwa wanaosimamia mfumo wa mishahara, na uchukue saini ya kupokea. Mwezi wa kwanza kusanya pesilipi za kila daraja, uzilinganishe na jedwali la mkataba. Makosa ya daraja moja husahihishwa kwa barua yakigunduliwa mapema. Yakikaa mwaka yanageuka malimbikizo yanayohitaji bajeti yake.

Na malimbikizo huzeeka vibaya. Mwaka 2025 wahadhiri wa vyuo vikuu vya umma bado walikuwa wakigoma kudai shilingi bilioni 7.9 za mkataba wa 2017 hadi 2021. Kisheria, madai ya mkataba wa ajira yana miaka mitatu ya kufika kortini tangu kosa litendeke. Ahadi za mdomo za "mwaka ujao wa fedha" hazisimamishi saa hiyo. Hakikisha deni linakiriwa kwa maandishi, lenye kiasi na tarehe. Ukikosa, fungua kesi ndani ya muda.

Ukishinda, usitume dalali kukamata magari ya kaunti. Sheria inakataza kukamata mali ya serikali. Chukua mahakamani hati inayothibitisha kiasi unachodai, mfikishie afisa mhasibu wa idara. Asipolipa, rudi kuomba amri ya kumlazimisha yeye, kama afisa mhasibu, alipe deni hilo, ambayo akiipuuza anajibu kwa kudharau korti. Kila karatasi unayomfikishia iwe na muhuri wa kupokelewa na tarehe, kwa sababu jambo la kwanza atakalosema mbele ya jaji ni kwamba hakuiona.